Sherehe Husubiri Kamera

Filamu bubu za mapokezi ya Admirali Dewey mwaka 1899, na somo lake kwa kila mtazamaji wa habari

Gari la farasi lililo wazi linakuja taratibu katikati ya barabara. Kushoto na kulia watu wamebanana, wanaume kwa kofia zao nyeusi, wanawake kwa kofia pana zenye mapambo. Ndani ya gari ameketi mzee mwenye masharubu meupe, amevaa sare za jeshi la majini. Midomo ya watu inafunguka na kufumba, mikono inapunga, lakini husikii chochote. Gari linaikaribia kamera, linapita, linatoka upande wa pili wa picha. Filamu imekwisha.

Mzee huyo ni Admirali George Dewey wa Marekani. Siku yenyewe ni Jumamosi, tarehe 30 Septemba 1899, na mji ni New York. Vipande vya filamu vilivyopigwa wiki ile ni miongoni mwa picha za kwanza kabisa za sinema zinazoonyesha taifa likimtukuza shujaa wake wa vita hadharani.

Mimi nimezeekea katika kazi ya kutunza picha. Nilianza na filamu za plastiki ambazo zikianza kuoza hutoa harufu kali ya siki, nikaja kwenye kanda za video, na sasa vijana wananiletea picha ndani ya kidude kidogo kama kucha. Katika kazi hii mtu hujifunza kuitazama picha mara ya pili na ya tatu, na kuuliza maswali ambayo mtazamaji wa jioni, aliyechoka na kazi, hana nafasi ya kuuliza. Filamu za Dewey ndizo ninazopenda kuwaonyesha vijana wanaoanza kazi ya habari. Ni fupi, hazina sauti ya kuwaongoza wala kuwapoteza, na ndani yake kuna jambo ambalo kila mpiga picha wa habari anapaswa kulijua tangu siku ya kwanza: sherehe husubiri kamera, vita havisubiri.

Asubuhi moja Manila

Tuanze na kile alichotukuziwa. Mwaka 1898 Marekani iliingia vitani na Hispania. Chanzo kikubwa kilikuwa kisiwa cha Cuba, lakini pigo la kwanza kubwa lilitokea upande wa pili wa dunia, Ufilipino, ambayo Wahispania walikuwa wameitawala kwa zaidi ya miaka 300. Dewey, mzaliwa wa mji wa Montpelier katika jimbo la Vermont, alikuwa akiongoza kikosi cha manowari za Marekani katika bahari za Asia. Alitoka pwani ya China na meli zake, akaingia Ghuba ya Manila usiku, na alfajiri ya tarehe 1 Mei akaanza kuzipiga meli za Admirali Patricio Montojo. Kufika mchana kikosi chote cha Wahispania kilikuwa kimeteketea au kuzama. Kwa upande wa Wamarekani, waliojeruhiwa walikuwa 9, na mhandisi mmoja wa meli alifariki, lakini kifo chake hakikutokana na risasi wala mzinga.

Habari hizo zilichelewa kufika Marekani. Waya wa simu ya maandishi uliopita chini ya bahari kutoka Manila ulikuwa mikononi mwa Wahispania, na Dewey aliponyimwa ruhusa ya kuutumia aliamuru ukatwe. Ikabidi meli iitwayo McCulloch ibebe taarifa mpaka Hong Kong, ndipo itumwe kwa simu. Ilifika Washington tarehe 7 Mei. Nchi nzima ikalipuka kwa furaha. Watoto wachanga wakaitwa Dewey, uso wake ukachapwa kwenye sahani, vifungo na maboksi ya biashara, na Bunge likaidhinisha dola 10,000 kwa ajili ya upanga wa heshima wa kumtunuku, pamoja na medali kwa kila ofisa na baharia wa kikosi chake.

Sasa jiulize: picha za sinema za asubuhi ile ya Manila ziko wapi? Hazipo. Waandishi wachache wa magazeti walikuwa ndani ya meli, lakini kamera ya sinema haikuwepo, na hata ingekuwepo isingefanya kazi kubwa. Kamera za wakati ule zilikuwa nzito, zikisimama juu ya miguu mitatu. Filamu yenyewe haikuwa nyepesi kunasa mwanga, ikihitaji jua la kutosha. Lenzi zilizofaa kuvuta kitu kilicho mbali hazikuwepo kazini. Vita kupiganwa alfajiri, ndani ya moshi wa baruti, meli kwa meli zikiwa mbali namna ile, ni kitu ambacho mpiga picha wa 1898 asingeweza kukinasa.

Wahenga walisema vita havina macho. Wapiga picha waliojaribu kuvifuata waliujua ukweli huo kwa miili yao. William Paley, aliyeipigia picha kampuni ya Thomas Edison, alikwenda Cuba mwaka huohuo. Alipata wanajeshi wakipanda meli, wakishuka pwani, wakitembea njiani. Alipata pia mazishi ya mabaharia wa manowari ya Marekani iitwayo Maine. Mapigano hakuyapata, na mvua na homa vikamrudisha nyumbani. Mwaka uliofuata W. K. L. Dickson, mmoja wa mafundi waliovumbua kamera ya sinema, alilivuta dude lake zito mpaka Afrika Kusini kwenye vita vya Waingereza na Makaburu. Naye alichorudi nacho kwa wingi ni kambi, misafara, mizinga iliyosimama na majenerali waliokubali kupigwa picha.

Vita vya beseni

Watu waliolipa kiingilio walitaka vita, na wenye biashara hawakutaka kuwakosesha. Vita vikatengenezwa. J. Stuart Blackton na Albert E. Smith, waanzilishi wa kampuni ya Vitagraph, walikuja kueleza miaka mingi baadaye jinsi walivyopiga vita vya majini vya 1898 juu ya maji ya kina kifupi mezani, kwa picha za meli zilizokatwa kwenye karatasi, vipunje vya baruti, na moshi wa sigara uliopulizwa na mtu aliyesimama pembeni. Watazamaji wengi waliamini kwamba wameiona bahari ya vita.

Jambo la uchungu zaidi lilifanyika mwaka 1899 katika jimbo la New Jersey. Kampuni ya Edison ilipiga huko filamu zilizoitwa mapigano ya Ufilipino, kwa mfano ile ya wanajeshi wa Kansas wakisonga mbele huko Caloocan. Wafilipino wanajitokeza, wanafyatua risasi kuelekea kwenye kamera, wanakimbia. Bendera ya Marekani inafuata. Wanahistoria wa sinema wameonyesha kwamba walioigiza kuwa Wafilipino walikuwa Wamarekani weusi. Yaani mtu mweusi, ambaye nchini mwake mwenyewe alikuwa akinyimwa haki za raia, aliajiriwa aigize adui wa nchi hiyo, akimbie na kuanguka mbele ya kamera. Kila ninapowaonyesha vijana kipande hicho nawaomba wakitazame mpaka mwisho, kwa sababu ndicho kilichokuwa kikiitwa habari.

Shujaa anayengoja ratiba

Sherehe, kwa upande wake, ilimpa mpiga picha kila alichonyimwa na vita. Sherehe ina tarehe. Ina njia inayojulikana na saa inayotangazwa. Hufanyika mchana, juani. Mpiga picha anaweza kwenda jana yake, akachagua kona, akaomba kibali, akajengewa kijukwaa. Zaidi ya yote, shujaa mwenyewe anakuja kupita mbele ya lenzi.

Mapokezi ya Dewey yanaonyesha hili waziwazi kuliko mfano mwingine wowote ninaoujua. Aliondoka Manila Mei 1899 na manowari yake, Olympia, akapita Mfereji wa Suez na bahari ya Mediterania, akitua bandari moja baada ya nyingine. New York ilikuwa imejipanga. Lakini Olympia ikatokea nje ya bandari tarehe 26 Septemba, siku mbili kabla ya ilivyotarajiwa. Mji haukuwa tayari. Sherehe hazikuvutwa mbele. Gwaride la meli lilibaki tarehe 29 na gwaride la barabarani tarehe 30. Mtu aliyeteketeza kikosi kizima cha adui katika asubuhi moja alikaa melini akisubiri siku iliyopangwa.

Na wapiga picha waliutumia muda huo vizuri. Watu wa kampuni ya sinema ya Biograph walipanda Olympia wakampiga Dewey sitahani akizipokea na kuziaga kamati za mapokezi zilizotoka Washington na New York. Wanakamati wanasogea na kofia zao ndefu, wanashikana naye mikono, wanapisha wengine. Vipande hivi nakuomba uvitazame kwa makini ukivipata. Huoni mizinga ikinguruma, unaona itifaki. Unaona jinsi wanaume wenye cheo wanavyojipanga ili kila mmoja aingie kwenye picha pamoja na shujaa, jambo ambalo mpaka leo mpiga picha yeyote wa ikulu au wa wilaya atakueleza habari zake.

Tarehe 29 Olympia iliongoza msafara wa meli kupanda Mto Hudson mpaka kwenye kaburi la Jenerali Ulysses Grant, mizinga ikitoa saluti. Kesho yake gwaride likashuka barabara ya Fifth Avenue. Dewey alikuwa garini na meya Robert Van Wyck. Theodore Roosevelt, wakati huo gavana wa jimbo na mwaka mmoja tu tangu arudi kutoka vitani Cuba, alipita juu ya farasi. Bendi ya John Philip Sousa, mtunzi mashuhuri wa muziki wa gwaride, ilikuwa inapiga. Katika filamu unaona bendi zikipita, mashavu yamevimba, magoma yanapigwa, na kimya kimetanda. Watazamaji wa mwaka ule hawakuachiwa kimya hicho: kwenye kumbi za burudani filamu zilisindikizwa na piano au bendi, na mara nyingi mtu alisimama kando ya pazia akieleza nani anapita.

Gwaride lilifika kwenye eneo la Madison Square, ambako mji ulikuwa umejenga tao kubwa la ushindi kwa kuiga Tao la Titus la Roma. Msanifu wake alikuwa Charles Lamb, na wachongaji wengi waliungana kulipamba kwa sanamu, juu kabisa wakiweka gari la vita la baharini. Kwa macho lilikuwa jiwe jeupe la kudumu milele. Kwa kweli lilikuwa mbao na plasta.

Siku chache baadaye, tarehe 3 Oktoba, zamu ikawa ya Washington. Mbele ya jengo la Bunge, Rais William McKinley akiwepo, Waziri wa Jeshi la Majini John D. Long alimkabidhi Dewey upanga uliotengenezwa na kampuni ya Tiffany, mpini wake ukiwa wa dhahabu. Edison alikuwa na kamera pale pia.

Dakika moja mkononi

Msomaji aliyezoea kupiga video ya harusi kwa saa nzima bila kupumzika, ajiweke kwenye nafasi ya mpiga picha wa Fifth Avenue. Kipande cha kawaida cha Edison kilikuwa na urefu wa futi 50 mpaka 150. Kwa kasi ya siku hizo, hiyo ni kati ya chini kidogo ya dakika moja na dakika mbili unusu. Ukianza kuzungusha mkono wa kamera mapema, filamu itaisha na askari wa farasi waliotangulia, na gari la shujaa litapita mbele ya sanduku tupu. Ukichelewa, utampiga mgongo. Hapakuwa na namna ya kutazama ulichopiga mpaka filamu ioshwe. Kwa hiyo mtu alisimama saa nyingi juani akisikiliza kelele za umati zikisogea kutoka mbali, ili ajue ni wakati gani aanze.

Hapo ndipo utaelewa kwa nini filamu hizi zinafanana: kamera imesimama mahali pamoja, kitu kinatoka mbali, kinakua, kinapita. Mpiga picha hakukosa ubunifu. Alikuwa analinda filamu yake, na alijua kwamba kitu kinachomjia mtazamaji kutoka mbali kina nguvu kuliko kinachokatiza tu.

Kampuni ya Biograph ilifanya kazi kwa njia nyingine. Filamu yake ilikuwa pana, milimita 68 badala ya 35 za Edison, na kamera yake iliendeshwa kwa mota ya umeme, ikipiga picha kama 30 kwa sekunde. Ilikuwa mzigo mkubwa kuhamisha, lakini picha zake zilikuwa na ukali ambao nyingi za wapinzani hazikuufikia.

Swali ninaloulizwa kila mara ni kwa nini watu wa filamu za zamani wanatembea haraka haraka kama siafu waliokanyagwa. Hawakutembea hivyo. Filamu nyingi za wakati huo zilipigwa kwa picha 16 au 18 kwa sekunde, kadiri mkono ulivyozunguka. Mashine za baadaye, zilizotengenezwa kwa ajili ya filamu zenye sauti, huonyesha picha 24 kwa sekunde. Tendo la sekunde tatu linamalizika kwa sekunde mbili. Siku hizi fundi mwangalifu huirekebisha kasi hiyo, na ukimwona Dewey katika mwendo wake halisi anapata tena uzito wa mtu mzima mwenye miaka 61. Naona ni wajibu wetu kufanya hivyo. Kumwacha mtu akirukaruka kwa uzembe wa mashine ni kumvunjia heshima aliyekufa.

Nje ya picha

Picha hizo hazikupachikwa uongo. Dewey alikuwepo, umati ulikuwepo, upanga ulikuwepo. Ukweli wake lakini una mipaka, na mipaka hiyo ni kingo nne za picha. Mtazamaji mwenye busara huuliza: nje ya kingo hizo, siku hiyohiyo, kulikuwa na nini?

Kulikuwa na vita. Mei 1898 meli ya Wamarekani ilimrudisha Ufilipino kutoka Hong Kong kiongozi wa wapigania uhuru, Emilio Aguinaldo, ili apambane na Wahispania. Tarehe 12 Juni mwaka huo Aguinaldo akatangaza uhuru wa nchi yake. Lakini katika mkataba uliotiwa saini Paris Desemba 1898, Hispania iliikabidhi Ufilipino kwa Marekani kwa dola milioni 20. Februari 1899 Wafilipino na Wamarekani wakaanza kupigana wao kwa wao. Kwa hiyo siku New York inamshangilia Dewey, wale ambao ushindi wake ulionekana kuwafungulia mlango wa uhuru walikuwa mahandakini wakipigwa na wenzake. Vita hivyo viliendelea mpaka 1902. Wamarekani zaidi ya 4,200 walikufa, na wapiganaji wa Kifilipino zaidi ya 20,000. Raia waliokufa kwa mapigano, njaa na magonjwa wanakadiriwa kufikia 200,000.

Hata ndani ya gwaride lenyewe kulikuwa na dalili. Miongoni mwa vikosi vilivyopita na kupigwa picha ni kile cha kujitolea cha 10 cha Pennsylvania, kilichokuwa kimerudi punde kutoka Ufilipino. Wanaume wale walipigana na Wahispania, kisha na Wafilipino. Wanapita mbele ya kamera kwa mistari, nyuso zimeungua kwa jua, na orodha ya filamu inawataja kwa namba ya kikosi tu. Dewey ana jina, meya ana jina, gavana ana jina. Hawa ni namba 10.

Nina sababu ya kuwatazama hao kuliko wengine. Mjomba wangu alirudi kutoka Vita vya Kagera mwaka 1979. Picha moja aliyo nayo ya wakati ule ni ya siku ya mapokezi: amevikwa shada la maua, anacheka, wanawake wanapiga vigelegele. Anaipenda na ana haki. Lakini alipokuwa akitusimulia sisi wapwa zake, hakusimulia siku hiyo. Alisimulia matope, mwendo mrefu wa miguu, na mwenzake waliyegawana naye blanketi ambaye hakurudi. Picha ya mapokezi ni ya kweli na simulizi ni ya kweli. Taabu huanza pale mtu anapobaki na picha peke yake, akadhani hivyo ndivyo vita vilivyokuwa.

Karatasi iliyozidi plasta

Heshima aliyopewa Dewey haikukaa sana. Wananchi walichangishana wakamnunulia nyumba Washington. Novemba 1899 akaoa, na mara akahamishia hati ya nyumba hiyo kwa mkewe; magazeti yakamjia juu, na watu waliomshangilia wakamzomea. Mwaka 1900 alitangaza kwamba yuko tayari kugombea urais, akionyesha kuwa haoni ugumu mkubwa katika kazi hiyo, na baada ya muda mfupi akajitoa. Jeshi halikumsahau: alipewa cheo cha juu kabisa cha wanamaji ambacho hakuna Mmarekani mwingine aliyewahi kukishika, na alikuwa bado kazini alipofariki Januari 1917.

Tao la Madison Square lilikwisha mapema zaidi. Plasta ilianza kupasuka na kumeguka, mchango wa kulijenga upya kwa mawe ukakosa fedha, na kabla ya mwaka 1900 kwisha lilikuwa limebomolewa.

Filamu nazo zingepotea. Zilitengenezwa kwa naitreti, kitu kinachoshika moto kwa urahisi na kuoza chenyewe kwenye kopo. Sehemu kubwa ya sinema za enzi ya ububu duniani imepotea kwa njia hiyo. Kilichoziokoa nyingi za Marekani ni upungufu wa sheria. Kabla ya 1912, sheria ya hakimiliki ya nchi hiyo haikuitambua sinema kama aina ya kazi. Ilitambua picha za kawaida. Kwa hiyo makampuni, yakiogopa kuibiwa, yalichapa filamu zao picha moja baada ya moja kwenye mikanda mirefu ya karatasi na kuipeleka Maktaba ya Bunge mjini Washington. Karatasi haikuoza kama naitreti. Ilikaa ghalani miongo kadhaa, imesahaulika, mpaka wafanyakazi wa maktaba walipoitambua thamani yake. Kuanzia miaka ya 1950 mtu aitwaye Kemp Niver aliongoza kazi ya kuipiga upya picha kwa picha na kuirudisha kuwa filamu. Zaidi ya filamu 3,000 zilipona hivyo, za Dewey zikiwemo.

Uingereza nako kuna kisa cha namna hiyo. Mwaka 1994 katika mji wa Blackburn, chini ya duka moja, yalikutwa mapipa ya chuma yaliyojaa filamu za Sagar Mitchell na James Kenyon, mamia kwa mamia, za mwanzoni mwa karne ya 20. Ndani yake, pamoja na wafanyakazi wakitoka viwandani na watoto wakicheza, wamo wanajeshi waliorudi kutoka Afrika Kusini, na jemadari Lord Roberts akiwagawia medali mjini Liverpool mwaka 1901. Mitchell na Kenyon walikuwa na desturi moja ninayoiheshimu sana: waliielekeza kamera kwa umati, kwa sababu walijua watu watalipa kiingilio kujitazama wenyewe. Kwa ajili ya biashara hiyo tunazo leo sura za maelfu ya watu wa kawaida ambao hakuna jukwaa lililowahi kuwaita.

Filamu za habari zilizotoka kila wiki zilianza kidogo baadaye, kampuni ya Pathé ya Ufaransa ikitangulia na kuzipeleka Uingereza mwaka 1910 na Marekani mwaka 1911. Zilirithi njia iliyokwisha kanyagwa: magwaride, uzinduzi wa meli, ziara za wafalme, nishani vifuani. Ukitazama taarifa ya habari ya saa mbili usiku hapa kwetu, ukahesabu utepe uliokatwa na mawe ya msingi yaliyowekwa, utaona kwamba njia hiyo bado inapitwa. Sababu ni zilezile. Sherehe ina saa, ina gari la kumbeba mpiga picha, ina mahali pa kusimama. Mafuriko ya usiku, mgomo wa wauguzi, mkulima anayehesabu magunia aliyodhulumiwa, hawana ratiba ya kutuma mapema.

Siwaambii vijana waache kupiga sherehe. Jamii isiyowashukuru waliojitolea kwa ajili yake ni jamii maskini, na mtu aliyehatarisha maisha anastahili siku yake juani. Ninachowaomba ni kazi ya ziada ya dakika kumi. Ukimaliza kumpiga aliyevikwa nishani, geuza kamera uwapige waliosimama mstari wa nyuma, na mama aliyeshika picha ya mwanawe. Waulize majina yao, wametoka wapi, walikuwa kikosi gani. Yaandike kwa herufi zinazosomeka, na tarehe, na mahali, na jina lako mwenyewe, kisha uhakikishe maandishi hayo yanahifadhiwa pamoja na picha. Usifute vipande ambavyo havikuingia kwenye taarifa, kwani mara nyingi ndimo walimo watu ambao siku moja watatafutwa na wajukuu zao.

Na wewe mtazamaji, ukiona shujaa anapita garini huku umati ukishangilia, shangilia nao kama moyo wako unakubali. Kisha muulize aliyekuletea picha hiyo alisimama wapi, nani alimpangia asimame hapo, na siku hiyo upande wa pili wa dunia kulikuwa na nini. Hayo ni maswali ambayo watu wa New York mwaka 1899 walikuwa na uwezo wa kuyauliza, maana magazeti yao yalikuwa yakileta habari za Ufilipino kila siku. Sisi tunabeba magazeti yote ya dunia mfukoni, kwa hiyo wajibu wetu wa kuuliza ni mkubwa kuliko wao.